Kwa nini muvi za Wamalayali zinaosha vyombo: jibu kwa dada wa Muscat

Dada mmoja kaniandikia kutoka Muscat, nafupisha maneno yake. Anafanya kazi mapokezi kwenye kliniki, wauguzi wenzake wengi ni Wamalayali wa Kerala, na usiku wakitoka shifti wanamwekea muvi zao zenye sabtaito. Yeye amekulia Tanga na muvi za Kihindi za kanda, zile za kuimba milimani na kubadilisha nguo mara sita kwenye wimbo mmoja, sasa anashangaa hizi mtu anaosha vyombo tu, wanaume wamekaa kwenye kibanda cha chai wanabishana siasa, mvua inanyesha mwanzo mpaka mwisho. Anauliza: "Ndivyo wanavyoishi kweli? Na kama sanaa ni kioo cha jamii, mbona wenzangu wengine wakiangalia wanakasirika mpaka wanatoka sebuleni?"

Dada yangu, asante kwa swali na poleni na shifti za usiku.

Nianze na hilo la kioo manake ndo lililonikamata. Tangu shule tunaambiwa fasihi ni kioo cha jamii, sawa, lakini kioo hakina ubishi, unasimama mbele yake kinakuonyesha ulivyo basi. Muvi za Kimalayalam, zile nzuri nazozisema, zinafanya kazi nyingine. Ni kama mtoto wa nyumba aliyekaa barazani mbele za watu akaanza kusimulia yanayotokea chumbani, na wazee wenyewe wamekaa pale pale wanasikia. Hapo lazima wengine wacheke na wengine wanyanyuke waondoke. Kwa hiyo hao wenzio wanaokasirika mimi siwashangai hata kidogo, wanajua anasemwa nani.

Sasa hiyo nyumba ikoje. Kerala ni jimbo jembamba kusini magharibi mwa India, upande mmoja bahari yetu hii hii, upande mwingine milima, na mvua unayoiona sio mapambo ya dairekta, inaletwa na kusi, upepo ule ule tunaoujua sisi, ukifika kwao mwezi wa sita unamwaga maji mpaka unachoka kusikiliza bati. Minazi kila mahali. Hata safari ya Vasco da Gama ya 1498, ile aliyopata rubani Malindi, ilimfikisha kwao huko Kozhikode, kwa hiyo watu wa pwani hizi mbili wameshajuana zamani, majahazi yalikuwa yanakwenda na kurudi kabla hata ya Mreno kuota hiyo njia. Sensa ya 2011 ilihesabu watu kama milioni 33, Wahindu ni zaidi kidogo ya nusu, Waislamu kama robo, Wakristo karibu moja ya tano, na wote lugha ni moja. Wanaojua kusoma walifika asilimia 94. Jimbo lenyewe limezaliwa 1956 kwa kuunganisha wasemaji wa Kimalayalam, na mwaka uliofuata tu, 1957, wakawachagua wakomunisti kwa kura, sio kwa bunduki, wakashika serikali. Hivyo hicho kibanda cha chai chenye gazeti na ubishi ni kijiwe cha kweli kabisa, wala hawajakitunga. Ipo muvi ya 1991, Sandesham, ndugu wawili wa tumbo moja kila mmoja na chama chake, wanagombana habari za nchi za mbali huku baba mzee anahangaika peke yake nyumbani, na mpaka leo Mmalayali akichoshwa na ubishi wa siasa anakutupia sentensi kutoka humo, ile ya kukatazwa kutaja Poland. Waombe wenzio wakusimulie, utaona watakavyocheka.

Watu wanaosoma hivyo waliitaka sinema inayosoma. Muvi zao kubwa za mwanzo zilitoka kwenye riwaya na kwenye jukwaa la tamthilia, waandishi wakubwa walikuwa wanaandika skripti wenyewe, na mwaka 1965 dairekta Adoor Gopalakrishnan na wenzake walianzisha chama cha sinema kule Thiruvananthapuram, mji mkuu wa jimbo, vyama vya namna hiyo vikaenea mpaka miji midogo, watu wakawa wanaona filamu za Urusi na Japani. Nyimbo zipo, tena tamu, lakini mara nyingi wimbo unapita nyuma ya maisha huku mtu anaendelea na shughuli zake.

Chukua Chemmeen ya 1965, jina manake kamba, wale wa kuvua. Dairekta Ramu Kariat aliitoa kwenye riwaya ya Thakazhi Sivasankara Pillai. Binti wa mvuvi, Mhindu, kampenda mchuuzi wa samaki Muislamu, anaozwa kwa mvuvi mwingine, na pale ufukweni kuna imani kwamba mume akiwa baharini uhai wake uko kwenye uaminifu wa mke aliyebaki nchi kavu, mke akiteleza Mama Bahari anammeza mume. Wewe mtoto wa Tanga huhitaji kuelezwa kungoja chombo kirudi kukoje. Ilipata medali ya dhahabu ya Rais, ya kwanza kwenda kusini mwa India, ila kilichonikaa mimi ni jinsi ile imani ilivyomfunga mwanamke mzigo wa bahari nzima, na muvi inaiheshimu imani huku inakuonyesha mzigo wenyewe. Mambo mawili kwa pamoja. Hapo ndo ufundi wao ulipo.

Afu kuna nyumba kubwa, tharavadu wanaita, utaziona sana, paa la vigae, ua katikati, bwawa nyuma. Hizo zilikuwa nyumba za koo za watu wa juu, na kwa Wanair, tabaka mojawapo la hao, ukoo ulifuata upande wa mama, mali ikishikwa na mjomba, kama vile ndugu zetu Wamakonde na Wayao walivyohesabu ukoo. Utaratibu huo ukavunjika polepole kwa sheria, na juu yake ikaja sheria ya ardhi, 1970 wapangaji wa mashamba wakaanza kupewa ardhi waliyoilima, yaani bwana mkubwa aliyezoea kuletewa mpunga mlangoni akaamka hana kitu, na kazi hajui. Muvi ya kuangalia hapo ni Elippathayam ya 1981, mtego wa panya ndo maana yake, ya Adoor mwenyewe. Mwanaume amekaa kwenye kiti chake, ng'ombe ameingia uani anakula mimea, badala ya kunyanyuka anamwita dada yake aje amfukuze ng'ombe. Ndo muvi nzima hiyo, nakwambia, yule dada anachakaa mpaka anaisha na yule bwana anazidi kujificha kama panya. Haina mtu anayepiga kelele kuhusu siasa ila ukimaliza unajua tabaka lile lilikufaje, na Waingereza wakaipa tuzo ya taasisi yao ya filamu.

Lakini nisikudanganye. Miaka ya 90 mpaka 2000 hiyo hiyo tharavadu iliyoonyeshwa ikioza ikarudishwa ikapakwa rangi, mabwana wakubwa wakawa mashujaa, masharubu yamesokotwa, anapiga watu, anamkemea mwanamke na ukumbi unapiga makofi. Devaasuram ya 1993, Narasimham ya 2000, zote za Mohanlal, na Mohanlal ni mwigizaji wa kiwango ambacho sijaona wengi wanakifikia, ndo maana naumia zaidi. Jamii ilikuwa inabadilika kwa kasi, watu wakawa wanataka kuota walichopoteza, na wale ambao hawakuwahi kuwa nacho hakuna aliyewauliza ndoto yao. Ilibidi tungoje Kammattipaadam ya 2016 ndo tuone wazi jinsi Kochi ilivyopanda maghorofa juu ya mashamba ya Wadalit, wale waliokuwa wakiitwa wasioguswa, na vijana wao wenyewe wakitumiwa kuwatisha jamaa zao wahame.

Kitu kingine kidogo, halafu niende kwenye Ghuba. Ule msuli wao mweupe, mundu. Angalia wanaume wanavyouchezea. Ukiwa umekunjwa nusu mpaka magotini ni mtu wa kazi au yuko na rika lake, akipita mzee au mtu wa heshima anaushusha haraka, na akiukunja huku anakukazia macho ujue ngumi iko karibu. Muvi haikwambii, wenyewe wanajua. Na lugha vivyo hivyo, Mmalayali wa Thrissur akifungua mdomo mwenzake wa Thiruvananthapuram anatabasamu, kama wewe unavyomjua Mpemba kwa neno la kwanza. Muvi za miaka hii zimekuwa za mtaa kabisa, kila moja na lafudhi yake. Angamaly Diaries ya 2017 iliweka sura mpya 86 ambazo hakuna aliyewahi kuziona, kwenye mji wa Wakristo wapenda nguruwe, Kumbalangi Nights ya 2019 ni kisiwa cha wavuvi karibu na Kochi na ndugu wanne kwenye nyumba isiyo na mlango, na Ee.Ma.Yau ya 2018 ni mazishi tu, kijana alimuahidi baba yake mazishi makubwa ya Kikatoliki, baba anafariki usiku ule ule, mvua, hela hakuna, padri ana mashaka, majirani wana maneno. Kuna mazishi ya pwani ambayo hayana maneno?

Haya, Ghuba. Hapa ndo nataka ukae vizuri manake ni habari yako pia.

Bei ya mafuta ilipopanda miaka ya 70 Kerala ilimwaga watu wake huko uliko wewe, na sinema yao ikaenda nao hatua kwa hatua, na naona hakuna sinema nyingine iliyoliandika Ghuba kwa urefu huo. Mwanzoni ni kicheko chenye uchungu: Nadodikkattu ya 1987, vijana wawili hawana kazi, wanamlipa jamaa mwenye jahazi awapeleke Dubai, anawafundisha salamu za Kiarabu, wanavaa kanzu, wanashushwa ufukweni usiku, kumbe wako Chennai, India hiyo hiyo. Miaka miwili baadaye Varavelpu, huyu amerudi na akiba yake ya Ghuba ananunua basi, na kila mtu, ndugu, chama cha wafanyakazi, maofisa, anachukua kipande mpaka basi linaisha. Nani kati yetu hajui mtu aliyerudi na hela Arabuni zikaishia mikononi mwa ndugu?

Baadaye kicheko kikapungua. Pathemari ya 2015, jina lenyewe ni jahazi, Mammootty anaigiza mmoja wa wale wa kwanza kabisa waliovuka kwa tanga, wakashushwa mbali na nchi kavu waogelee wenyewe, na waliofika wakafika. Anatuma hela miaka na miaka, kule nyumbani wanajenga, wanaoza, wanasomesha, akienda likizo ni mgeni mwenye sanduku, anasema yuko vizuri kwa sababu akisema ukweli nani atalala usingizi? Anafia huko huko ugenini. Mimi muvi hiyo niliiangalia nusu nikaizima, nikamaliza siku ya pili.

Gaddama ya 2011 ni ya mdada wa kazi kule Saudia, na neno lenyewe la jina ni lile lile la Kiarabu cha Ghuba mnaloitwa wengi wenu majumbani. Na Aadujeevitham ya 2024, ya dairekta Blessy, ilitoka kwenye riwaya ya Benyamin iliyotoka kwenye mkasa wa mtu wa kweli: kijana anafika uwanja wa ndege Saudia, mtu anayejifanya mwajiri wake anamchukua, anampeleka jangwani achunge mbuzi, hati zimeshikwa, mshahara hakuna, maji ya kuoga hakuna, miaka inapita mpaka lugha yake inaanza kumtoka mdomoni. Kafala hiyo, ule utaratibu wa kibali cha mfanyakazi kuwa mikononi mwa mwajiri wake. Dada zetu wa Kenya, Uganda na Tanzania wanaijua bila kusimuliwa. Ninachokitamani, na nakisema wazi, ni sisi wasemaji wa Kiswahili kuwa na muvi yetu ya hivyo, watu wetu wamekwenda Oman na Saudia kwa maelfu na simulizi zao ziko kwenye voisi za WhatsApp tu, zikifutwa zimekwenda.

Kwa wauguzi wenzio hasa, iko Take Off ya 2017 kuhusu wauguzi wa Kerala waliokwama Tikrit, Iraq, wakati wapiganaji wa ISIS wanauchukua mji huo 2014, na muvi inajua kwanini muuguzi anakubali kwenda kwenye vita, ni mkopo, dada, mkopo na familia. Na All We Imagine as Light, dairekta Payal Kapadia sio Mmalayali lakini lugha ya humo kwa sehemu kubwa ni yao, ilipata tuzo ya Grand Prix kwenye tamasha la filamu la Cannes 2024. Wauguzi wawili wa Kerala wanaishi chumba kimoja Mumbai, mmoja mume wake yuko Ujerumani na kanyamaza siku nyingi, afu siku moja unafika mzigo, jiko la umeme la kupikia wali, hauna barua, hauna jina, limetengenezwa Ujerumani basi. Usiku yule mke anakaa chini analikumbatia lile jiko. Ukiwaona wenzio wamenyamaza hapo usiwaulize kitu.

Sasa turudi kwenye vyombo vyako. Nadhani waliyokuwekea ni The Great Indian Kitchen ya 2021, ya Jeo Baby. Bibi harusi anaingia nyumba ya watu wa heshima, mume mwalimu, baba mkwe mpole hapandishi sauti. Kisha anakata, anasaga nazi, anapika, anaandaa, wanaume wanakula na kutema maganda mezani, anafuta, anaosha, bomba la sinki linavuja, anamwambia mume aite fundi, mume anasahau, anaweka ndoo, kesho tena. Baba mkwe kwa upole ule ule anasema wali wa kuni ndo mtamu, na nguo zake mashine inaziharibu. Hakuna anayempiga, dada, ndo ukali wa muvi hiyo. Ingekuwa kofi ungesema mume mbaya, ni bahati yake, lakini hapa kila mtu yuko kwenye desturi yake na mwanamke anazama kwenye maji machafu ya sinki. Akiingia hedhi anatengwa chumbani, na hapo mume anajiandaa kuhiji Sabarimala, hekalu ambalo wanawake wa miaka 10 mpaka 50 walikuwa hawaruhusiwi, Mahakama ya Juu ya India ikawafungulia Septemba 2018 na Kerala ikawaka maandamano. Majukwaa makubwa ya onlaini yaliikataa, ikatokea kwenye kijukwaa kidogo cha hapo Kerala, watu wakaipitisha mdomo kwa mdomo mpaka wakubwa wakaja kuichukua. Jibu la "ndivyo wanavyoishi kweli" liko hapo, wanawake wengi walisema hilo ni jiko langu, na wanaume wengi walisema ni uongo. Angalia kwenye sebule yenu nani alitoka.

Ila yapo mambo ya chumbani ambayo sinema yenyewe haikutaka yasemwe, na bila haya jibu langu lingekuwa nusu. Filamu ya kwanza kabisa ya Kerala, Vigathakumaran, ya kimya, aliifanya J.C. Daniel mwishoni mwa miaka ya 1920, na mwanamke aliyeigiza humo aliitwa P.K. Rosy, Mdalit, akaigiza nafasi ya mwanamke wa Kinair. Watu wa tabaka la juu hawakuvumilia kumuona amevaa heshima yao, wakafanya fujo, Rosy akalazimika kukimbia akaishi Tamil Nadu na hakuigiza tena. Yaani mwigizaji wa kike wa kwanza wa sinema hiyo walimfukuza. Daniel naye hakutengeneza nyingine, leo tuzo kubwa ya maisha ya sinema ya jimbo inaitwa kwa jina lake. Rosy hakupata kitu kwa miongo mingi.

Ruka mpaka 2017, mwigizaji mmoja maarufu anatekwa na kushambuliwa ndani ya gari, wanawake wa sinema wanakusanyika wanaunda umoja wao, serikali inaunda kamati ya Jaji Hema kuchunguza hali zao. Ripoti ilikabidhiwa mwisho wa 2019 ikakaa kabatini, imetolewa kwa umma Agosti 2024 tena ikiwa na sehemu zilizofichwa, na ndani kuna udhalilishaji, kuna kuombwa mwili ili upate nafasi, kuna mpaka kukosa choo na mahali pa kubadilisha nguo kwenye lokesheni. Uongozi wa chama cha waigizaji ukajiuzulu wote mwezi huo huo. Hawa ndo watu waliokuwa wanatuonyesha jiko la mwenzao. Na ule umoja wa wanawake ulipoanzisha chama chao cha kuonyesha filamu walikiita kwa jina la P.K. Rosy. Nilipoisoma hiyo nilikaa kimya kidogo.

Usiku wa wikendi hii waombe wakuwekee Sudani from Nigeria, ya 2018. Ni Malappuram, kwa Waislamu wa Malabar, upande wa kaskazini mwa Kerala, kwenye ligi za mpira wa watu saba kila upande ambazo Waafrika wengi wanaenda kucheza, na pale Mwafrika yeyote anaitwa Msudani hata akitoka Lagos. Mchezaji anavunjika mguu, meneja hana hela ya hospitali, anamlaza nyumbani kwa mama yake, na yule mama na jirani yake hawana lugha hata moja ya kuongea na mgeni wao, wanamlisha, wanamuombea, wanambembeleza kama mtoto wao. Meneja mwenyewe na baba yake wa kambo ndo hawasemeshani. Hii haina mtu wa kutoka sebuleni. Ikiisha, mwenzio mkubwa kuliko wote kwa umri muulize kama kwao kuna mzee aliyeondoka na jahazi, kisha mwambie habari za wazee wako wa Tanga.